Umeme Alioukalia Mjomba

Leo sina pa kuuweka uso wangu. Nawaandikia nikiwa jikoni kwa mchumba wangu, hapa Lisekese, Masasi, mlango nimeuzuia kwa kinu, na nje kuna watu wazima wamepanga foleni wakisubiri kupakwa mafuta ya kula. Sitoki. Kama kuna mwenye habari ya nafasi ya ualimu wilaya ya mbali, hata kisiwani, aniambie sasa hivi.

Ngoja niwaeleze tangu mwanzo, maana mkisikia kwa majirani mtasikia vibaya zaidi. (Ingawa sijui kama kuna vibaya zaidi.)

Mjomba Oswald ni kaka wa mama yangu. Anakaa Newala, juu mlimani. Ni mwalimu mkuu mstaafu na mzee wa kanisa, mtu ambaye akikohoa ibadani hata mhubiri hufupisha. Na mnajua desturi zetu za huku. Kwenye ndoa, baba hutoa maoni. Mjomba ndiye hutoa mpwa. Baba yangu alishasema ndiyo tangu mwaka jana, wote tukamshukuru, kisha tukaendelea kumsubiri mjomba.

Mchumba wangu wa kwanza mjomba alimkataa kwa sababu alipiga miayo wakati wa sala ya chakula. Wa pili alijiondoa mwenyewe alipoulizwa Amri Kumi na kuanza na ya saba. Wa tatu ndiye huyu Wilfred. Huyu nampenda. Naandika hivyo hivyo, waziwazi, nampenda, na sikuwa tayari kumpoteza kwa sababu ya miayo. (Wilfred, najua utasoma. Usivimbe kichwa.)

Wilfred anafyatua matofali ya saruji. Ana nyumba nzuri, bati jipya, mikorosho uani. Kasoro ni moja: nguzo za umeme zimeishia kwa jirani yake, Bi Stumai. Wilfred ana paneli ya sola juu ya bati, lakini betri lilikufa tangu kifuku, mvua ilipopenya ndani, na jipya tulisema tutanunua msimu wa korosho ukifika. Habari hiyo ikamfikia mjomba. Sijui nani aliipandisha mlima. Akanipigia simu.

"Mpwa wangu ni mwalimu," akasema. "Atasahihisha madaftari kwa kibatari?"

"Hapana, mjomba."

"Jumamosi nashuka huko. Nikikuta taa inawaka, tutazungumza. Nisipoikuta, nitakunywa chai yenu, nitashukuru, nitarudi Newala na jibu langu."

Mtu mwenye akili angekopa betri kwa jirani. Mimi nafundisha fizikia.

Nilikuwa nimesoma kwenye simu kuhusu watu waliochanganya saruji na unga wa mkaa, ikawa inahifadhi umeme. (Msinikimbie. Nitaeleza kwa kifupi, kama vile mko kidato cha pili na mmetoka kula ugali.) Unga wa mkaa ukiwa laini sana, unatambaa ndani ya saruji kama mizizi, na mizizi ile hupitisha umeme. Unatengeneza vipande viwili vyembamba, katikati yake unaweka kitambaa, unalowanisha kwa maji ya chumvi. Ukiunganisha na sola, umeme unaingia na kutulia humo. Ukiondoa sola, unautumia. Jozi moja ina nguvu ndogo, hivyo unapanga jozi nyingi, kila moja umeitenga na mwenzake kwa nailoni ili zishikane kwa waya tu. Basi. Hakuna uchawi.

Nikamweleza Wilfred. Macho yakamtoka.

"Kwa hiyo tofali ni betri?"

"Tofali ni betri."

"Na mimi nafyatua matofali?"

"Ndiyo, Wilfred, unafyatua matofali."

Akaangalia mikono yake kana kwamba ameikuta leo. Kisha akasema, "Mjomba wako atakaa juu ya umeme."

Nilidhani anatania. Hakuwa anatania. Alitaka betri letu liwe kibaraza, pale mbele ya nyumba, mahali mgeni anapokaribishwa. "Betri la dukani linafichwa chini ya kitanda," akasema. "Hili litampokea mgeni lenyewe." Nilipaswa kukataa. Lakini mwanaume anayekuchorea kibaraza cha umeme mchangani kwa kijiti, jamani, unamkatalia kwa moyo gani?

Tatizo likabaki mkaa. Tulihitaji mwingi, na mkaa wa gunia tunaupikia. Sasa Masasi tuna nini cha bure, kilichojaa kila mahali, kinachoungua vizuri? Maganda ya korosho.

Wenyeji, nawaona mmeshika vichwa. Wageni, ngojeni niwafafanulie. Ganda la korosho lina mafuta meusi mazito, na mafuta hayo yakigusa ngozi yanababua. Kila mtoto wa huku ameshawahi kubangua korosho mbichi kwa meno kisha akashinda analia, midomo imevimba. Mimi nililia. Wilfred alilia. Hatukuwa wageni wa jambo hili. Ila nilijiambia kwamba moto ukishapita, mafuta yanakwisha, kinabaki kaboni. Na hiyo ni kweli kabisa, kama moto umepita. Wetu ulipita nusu. Manyunyu yalikuja, tukafunika haraka debe tulimoyachomea, na tulipofunua tukaona vitu vyeusi, tukasema vimeiva. Tukavitwanga kwenye kinu. (Ndiyo, hiki kilichozuia mlango.) Mimi nilivaa glavu za maabara. Wilfred alitumia viganja vyake, ambavyo vimezoea saruji kiasi kwamba hata moto unaviomba ruhusa. Kwa hiyo hakuna aliyewashwa, na hakuna aliyeshtuka.

Kibaraza kikatoka kizuri, nawaambieni. Cheusi, kirefu, kinang'aa. Niru, ule uji wa saruji wa kulainishia, hatukupiga, maana nilitaka nyaya zishike kwenye kaboni yenyewe. Watu walikuwa wanapita njiani wanasimama kukitazama. Tulikiacha kikomae, hatukuruhusu hata kuku akipande. Kile king'aro tulikisifu sana, na hakuna hata mmoja wetu aliyejiuliza kilitoka wapi.

Leo asubuhi nikakijaribu. Nikakilowanisha kwa maji ya chumvi mahali panapotakiwa, nikakiunganisha na paneli, nikasubiri, nikaondoa paneli, nikaunga taa ndogo, kataa ka sola. Kakawaka! Kwa unyonge, ndiyo, ungehitaji kukasogelea ili uone kwamba kamewaka, lakini kaliwaka! Wilfred alininyanyua juu. Bi Stumai alichungulia kwenye uzio, akaona, na kwa kuwa Bi Stumai ndiye redio ya mtaa huu, kabla chai haijachemka kila mtu alijua kwamba kwa Wilfred tofali linawasha taa.

Nikarudisha waya za paneli ili kibaraza kishibe mpaka mgeni afike. Nikaingia ndani kupika. Nilikuwa naimba. (Kumbukeni hilo, kwamba kuna saa leo nilikuwa naimba.)

Mjomba alifika jua likiwa kali, kwenye pikapu ya kukodi, yeye na mke wake Mama Edith. Alikuwa amevaa ile Kaunda suti yake ya rangi ya maziwa. Suti ile inatoka sandukuni kwa mambo mawili tu, kipaimara na posa. Nilipoiona nilipata tumaini, maana mtu haji kukataa akiwa amevaa hivyo.

"Shikamoo, mjomba."

"Marahaba, mwanangu. Taa iko wapi?"

Hata maji hajanywa! Wilfred alikuwa amechutama pembeni, kichwa chini, jinsi inavyotakiwa. Huku kwetu mkwe mtarajiwa hamtazami mjomba usoni wala hamsemeshi. Maneno yote yanapitia kwangu, hata kama kuna hatua chache tu kati yao.

"Mwambie mjomba karibu sana," Wilfred akaiambia ardhi.

"Mjomba, anasema karibu sana."

"Nimesikia, mimi si kiziwi. Mwambie nimekaribia."

"Anasema amekaribia."

Mama Edith aliingia ndani kwenye chai na kivuli, mwanamke mwenye busara zake. Mjomba akabaki nje akikizunguka kibaraza na fimbo yake. Nikamweleza. Nilieleza vizuri kuliko ninavyowaeleza wanafunzi siku ya mkaguzi.

"Kwa hiyo umeme uko ndani ya hii saruji," akasema.

"Ndiyo, mjomba."

Akaigonga kwa fimbo, akatega sikio. "Washa."

Nikaondoa waya za paneli. Nikaunga taa. Kimya. Nikabonyeza tena. Kimya. Nikafuta waya kwa kanga, nikazigeuza, nikazipulizia. (Kuzipulizia! Mwalimu wa fizikia mwenye cheti!) Kimya. Wakati huo Bi Stumai alikuwa ameshaingia uani, na nyuma yake kwaya ya kanisa letu, waliokuwa wanatoka mazoezini na sare zao nyeupe, wakaona wapite kushuhudia maendeleo. Nikamwendea Wilfred.

"Wilfred. Umekigusa kibaraza?"

"Sijakigusa. Nimekipiga deki tu."

"Kwa maji gani?"

Akatazama ndoo. Ndoo yangu ya maji ya chumvi, tupu. Alikuta kibaraza kina vumbi, mgeni anakuja, akamwaga ndoo nzima juu yake, akasugua kila upande mpaka kikang'aa. Kila jozi niliyoitenga kwa nailoni ikaunganishwa na jirani yake kwa maji ya chumvi. Umeme wangu wote ulikuwa umeshavuja na kupotea kabla mjomba hajashuka garini. Nilitaka kulia. Siwezi hata kumlaumu, alikuwa anasafishia wakwe.

Mjomba akatoa leso, akafuta uso. "Basi," akasema, "ngoja nikae nitafakari."

Mnaomjua mjomba mnajua. Akisema atafakari, jibu limeshapatikana. Wa miayo pia alitafakariwa. Moyo wangu ukadondoka mpaka kwenye kandambili. Na mjomba akakaa. Pale kibarazani, katikati, kwa uzito wake wote, juu ya saruji iliyopigwa na jua tangu asubuhi.

Nikaanza kujieleza. Kwamba asubuhi iliwaka, Bi Stumai shahidi. Kwamba sayansi ina siku zake. Mjomba alikuwa anaangalia mbele tu, mikono juu ya fimbo. Nikaongea mpaka maneno yakaniishia, nikayarudia. Ndipo nikaona uso wake unabadilika. Aliinua upande mmoja, akaushusha. Akainua wa pili. Akakunja nyusi kama mtu anayesikiliza mlio wa mbali.

"Mwalimu," akaniita.

"Abee, mjomba."

"Kuna kitu."

"Kitu gani, mjomba?"

"Kinatembea." Akajisogeza kidogo. "Kinachoma-choma. Kinapanda."

Halafu uso wa mjomba wangu, ambao tangu nizaliwe sijauona ukifunguka, ukafunguka.

"Ndio wenyewe!" akapaza sauti. "Nausikia! Umeme huu hapa! Taa yenu ndiyo mbovu, umeme upo!"

Kwaya ikasema, "Haleluya!"

Jamani. Kibaraza hakikuwa na umeme hata chembe. Na hata kingejaa pomoni, jozi zangu zote kwa pamoja hazina nguvu ya kumtekenya sisimizi. Nilikuwa nataka kulisema hilo, kwa kweli nilikuwa nimeshafungua mdomo, ndipo upepo ukaniletea harufu. Nikatazama ubavu wa kibaraza. Vitone vyeusi, vinene, vinachuruzika taratibu kwenye jua. Nikafumba mdomo.

"Nimefundisha umeme maisha yangu yote kwa kuchora ubaoni," mjomba alikuwa anasema. "Leo nimeupata mwilini. Mwambie kijana nimekubali. Mke ameshapata."

Sikuhitaji kumwambia. Wilfred alikuwa ameshainamisha kichwa mpaka kimegusa mchanga, mabega yanatikisika kwa furaha. Na mimi hapo, mbele za Mungu na kwaya, nilikuwa na maneno mawili ya kuchagua. La kwanza lilikuwa "korosho." Nikamwangalia Wilfred.

"Asante, mjomba," nikasema.

Ningeweza kuishia hapo. Mjomba angewashwa kidogo, angerudi Newala na heshima zake, tungeoana. Lakini mjomba ni mwalimu, na mwalimu akijua kitu hawezi kukaa nacho peke yake. Akapiga kibaraza kwa kiganja. "Njooni! Kaeni msikie wenyewe, msije kusema mmesimuliwa."

"Mjomba, labda wasikae," nikasema. "Labda kimechoka."

"Hakijachoka. Mimi ndiye niliyekikalia."

Bi Stumai alifika wa kwanza, akajisukuma ubavuni kwa mjomba. Kwaya ikafuata, na kile kibaraza kilikuwa kirefu, Wilfred hakuwa mchoyo. Walikaa wote. Sare nyeupe, mstari mmoja, macho mbele, kimya cha kusubiri. Nilisimama pale na kataa kangu mkononi nikiomba mvua, na angani hapakuwa na wingu hata moja.

"Nimeupata!" akasema mmoja wa sauti ya tatu.

"Mimi wa kwangu unakuja kwa mbali."

"Mimi bado."

"Sogea huku, huko ni mwisho wa laini."

"Nwalimu!" Bi Stumai akaniita, amefumba macho. "Huu ntambo ni dawa! Kiuno changu kinafunguka!"

Jamaa mmoja wa besi alitoa simu, akaishika kwa mkono mmoja, mkono wa pili akauweka kibarazani, akaapa kwamba chaji inapanda. Mwenzake akamwomba ampe nafasi na yeye ya kwake imezima. Mwalimu wa kwaya alianza kueleza kwamba hata babu yake aliwahi kusema mawe yana nguvu. Na mimi, mwenye elimu yangu, nilikuwa naitikia kwa kichwa kama bango linalopigwa na upepo, kwa sababu ndoa yangu yote ilikuwa imekaliwa na watu hawa.

"Tusimame," mjomba akasema. "Tumshukuru Mungu."

Wakasimama. Kuna sauti iliyotoka pale ambayo sitaisahau. Chwaaap. Nguo zikibanduka moja baada ya nyingine. Wakageuka kuielekea nyumba, mjomba mbele, kwaya nyuma yake, mimi nyuma ya wote.

Nikaona. Sare nyeupe zote zina alama mbili nyeusi, mviringo, zinang'aa. Na mbele kabisa, kwenye suti ya kipaimara, alama mbili kubwa kuliko zote. Kila mwanakwaya alikuwa anaziona za mjomba, hakuna aliyejua kwamba na yeye anazo. Mabega yakaanza kucheza. Mmoja akajifanya anakohoa. Lakini nani atamwambia mjomba? Mimi mpwa? Nimtamkie mjomba wangu habari za makalio yake? Wilfred alikuwa anatazama mchanga kwa adabu, kwa hiyo hajui kitu, anasema amina kwa furaha yake.

Mjomba akaanza sala. Sala zake tunazijua, unaweza kuinjika maharage na kuyaepua. Leo alipofika kwa Ibrahimu sauti ikaanza kwenda mbio. Kwa Musa alikuwa anahamisha uzito mguu mmoja hadi mwingine. Nyuma yake, mkono mmoja baada ya mwingine ukaanza kushuka polepole, unakuna kidogo, unarudi kwenye sala.

"Na yote yaliyobaki Bwana unayajua amina!" akamaliza mjomba, hajafika hata kwa Daudi.

Ndipo Mama Edith akatoka na trei ya vikombe. Mjomba alikuwa ameshageuka kuwatazama watu, hivyo aliyeuona mgongo wake ni yeye. Vikombe vikagongana kwenye trei.

"Baba Edith! Umekalia nini?"

"Umeme," mjomba akajibu kwa fahari.

"Umeme gani unaacha masizi?"

Mjomba akajaribu kujitazama nyuma, akazunguka kama mbwa anayetafuta mkia wake, hakufanikiwa. Akanigeukia. "Mwalimu, wewe ndiye mtaalamu. Mweleze Mama Edith na hawa watu wote umeme unapitaje kwenye nguo."

Kila mtu ananitazama, na mikono yao iko nyuma. Wilfred naye akanyanyua kichwa, mara ya kwanza tangu asubuhi, akanitazama kwa yale macho yanayoniamini. Hayo macho ndiyo yaliyonishinda. Sikutaka kuolewa naye juu ya uongo wa mafuta.

"Mjomba," nikasema. "Si umeme. Ni maganda ya korosho. Tuliyachoma yakaungua nusu."

Halafu, jamani, ajabu ya mwanadamu! Kuwashwa kulikokuwa baraka dakika moja iliyopita kukawa moto. Bi Stumai, aliyefunguka kiuno, akapiga yowe akakimbilia pipa la maji. Sauti ya kwanza ikaelekea migombani. Besi wakatokomea nyuma ya choo. Yule wa simu alibaki anaitazama, eti haikupanda kweli? Mwalimu wa kwaya alikuwa anajisugua kwenye mkorosho, bila kujali kwamba mkorosho ndio uliotufikisha hapo.

Mama Edith alimshika mjomba mkono, akamwingiza chumbani, akaagiza mafuta ya kula na sabuni. Dirisha lilikuwa wazi. Tulisikia yote.

"Geuka!"

"Taratibu, mama."

"Geuka upande huu! Mtu mzima umezaliwa mikoroshoni, umelelewa mikoroshoni, leo unakalia korosho unasema haleluya!"

"Haleluya walisema kwaya."

Nilikaa kwenye kizingiti nikalia. Nacheka nikiandika, lakini pale nililia machozi ya kweli. Niliona Wilfred anaondoka kwangu, na safari hii si kwa miayo ya mtu, ni kwa ujuaji wangu mwenyewe.

Mjomba alitoka amejifunga kitenge changu chenye picha za kuku na vifaranga. Juu koti la Kaunda suti, chini vifaranga. Tulimwekea kiti, akakitazama, akaamua kusimama.

Na hapo Wilfred akasahau desturi zote. Akasimama, akamtazama mjomba usoni, akasema kwa mdomo wake, "Mjomba, kosa ni langu. Kibaraza nilijenga mimi, maji nilimwaga mimi. Mwalimu msimkatalie raha yake kwa ajili yangu. Kama ni kunikataa nikataeni, ila yeye msimseme."

Nikafumba macho. Kumsemesha mjomba hivyo, ana kwa ana, tena akiwa na vifaranga! Nikasema sasa imekwisha.

"Mwambie kijana..." mjomba akaanza kuniambia. Akamtazama Wilfred kwa muda. "Aa. Wewe. Njoo hapa."

Wilfred akasogea.

"Nimetangaza mbele ya kwaya kwamba nimeusikia umeme na nimetoa mpwa. Nikisema leo nimebadili mawazo, Newala wataniuliza sababu. Mimi si mtu wa kusema uongo. Kwa hiyo itabidi niwaeleze." Mkono wake ukateleza nyuma ya kitenge, ukakuna, ukarudi kwenye fimbo kwa heshima zote. "Ndoa ipo. Sharti ni moja. Habari hii isipande mlima."

Wilfred akapiga magoti. Mimi nikapiga yowe. Mama Edith akapiga kigelegele kimoja kifupi, maana mikono yake ilikuwa imejaa mafuta.

Wameshaondoka. Mjomba amekataa kukaa mbele, amepanda nyuma ya pikapu, ameshika chuma, vifaranga vinapepea. Mama Edith ameniandikia ujumbe wamefika Chiungutwa, njiani, na mjomba bado amesimama, na watu wa barabarani wanampungia wakidhani ni kampeni. Kwaya imekula kiapo cha kunyamaza, kwa sababu hakuna anayetaka kueleza kwa nini kesho wataimba ibada nzima bila kuketi. Wilfred yuko nje anagawa mafuta kwa foleni, anatabasamu peke yake kama chizi. Kibaraza tutakivunja wiki ijayo, akipatikana mtu wa kukigusa.

Kwa hiyo naolewa, ndugu zangu, na sharti langu ni moja tu, ndiyo maana nimewaambia nyinyi peke yenu. Na nyinyi mlioko Newala, kama mnataka kula pilau la harusi yangu, chekeni kimyakimya.